Matope Kwenye Meza ya Kura

Jumapili, 1 Machi

Wamebandika majina mlangoni mwa shule. Kompyuta ya mjini imeokota watu sita wa Kalauta wawe wajumbe wa meza ya kura, na mmoja ni mimi, Satuka. Miaka yote nimepiga kura kwa kuwa ni lazima. Sasa nitasimamia na za wenzangu kwa kuwa ni lazima. Ukikataa, faini. Bahati nasibu zote nilizowahi kununua tiketi hazijanipa hata sufuria. Hii ambayo sikununua imenipata papo hapo.

Chini ya jina langu liko la Fortunata, wifi yangu, dada wa marehemu mume wangu. Tangu tumzike Gregorio hatujakaa benchi moja. Kompyuta haina adabu.

Nemesio, mkuu wa kijiji wa mwaka huu, alinikuta bado nimesimama pale.

"Mama Satuka, hongera."

"Hongera ya nini? Tarehe ishirini na tisa tutakuwa katikati ya mavuno."

"Mimi ukuu ulinifikia katikati ya kupanda. Kuna mtu aliyeniuliza kama nina nafasi?"

Ni kweli hakuulizwa. Hapa kila kitu ni zamu: ukuu zamu, mfereji zamu, kusafisha makaburi zamu. Lakini zamu za kijiji najua zitaniangukia mwaka gani, najipanga. Hii imekuja kama mvua ya mawe.

Jumanne, 3 Machi

Mvua asubuhi, jua kidogo, mvua tena. Viazi vya shamba la juu vimekomaa maganda. Kesho naanza.

Jumapili, 8 Machi

Mkutano wa wajumbe. Karani wa uchaguzi, kijana wa mjini mwenye viatu vyeupe, alitutaka tuchague mwenyekiti na katibu. Wote wakaanza kutazama dari kana kwamba imeandikwa kitu. Fortunata akasema, bila kunitazama, "Anayependa hesabu apewe hesabu."

Mikono ikainuka haraka, mikono ya watu walioponyoka.

"Basi mwenye mwandiko mzuri apewe kuandika," nikasema. Ikainuka tena.

Kwa hiyo mimi ni mwenyekiti na Fortunata ni katibu, na tutakaa bega kwa bega tangu alfajiri mpaka kura ya mwisho ihesabiwe.

"Mtaelewana tu," karani alisema. "Ninyi si familia moja?"

Watu walicheka mpaka kijana akashika sikio, hakujua amesema nini.

Nikamuuliza waliojiandikisha ni wangapi. Mia moja arobaini na watatu. Kura zinapigwa kwa muda wa saa nane tu. Nikamwambia, ukiwapitisha mmoja mmoja kila mtu ana dakika tatu na kidogo, na mzee wetu Tata Casimiro peke yake anahitaji kumi za kupanda ngazi. Kwa hiyo anayefuata atasaini wakati aliyetangulia yuko ndani anachora alama. Karani alisema hakuna aliyewahi kumuuliza jambo hilo. Ndiyo maana foleni zao za mjini haziishi.

Tata Casimiro alikuwa ameketi mlangoni, anasikia.

"Wewe Tata huna haja ya kuja," Nemesio akamwambia. "Ukipita sabini sheria imekusamehe."

"Imenisamehe kosa gani? Kama ni lazima kwa wajinga hawa, kwangu haiwezi kuwa hiari."

Alhamisi, 12 Machi

Rufino amepiga simu kutoka Santa Cruz. Huko anatengeneza makochi, ana mke, ana kila kitu isipokuwa njia ya kuja kwa mama yake. Miaka minne.

"Mama, nakuja Jumamosi ya kabla ya kura."

"Umenikumbuka."

"Mama."

"Nauliza tu."

"Nimeomba mkopo wa cherehani kubwa. Bila karatasi ya kuthibitisha kwamba nimepiga kura benki hawanihudumii miezi mitatu. Na jina langu bado liko Kalauta."

"Ungelihamishia huko kwa mkeo."

"Nikilihamisha, kijijini watasema mimi si mtu wa huko tena. Hutasema hivyo hata wewe?"

Kweli ningesema. Mkewe Yenny amejiandikisha huko huko kwao kwenye joto, kwa hiyo haji. Atakuja yeye peke yake, apige kura, achukue karatasi, aondoke Jumanne.

Mimi nimemwita Krismasi nne. Serikali imemwita mara moja. Sijui nimkasirikie nani.

Jumapili, 15 Machi

Mvua. Jibini mbili zimeota ukungu.

Alhamisi, 19 Machi

Mashamba ya juu yamekwisha. Limebaki shamba la chini, kando ya mto, lile la udongo mweusi. Ndilo lenye viazi vinene, na huwa nalivuna mwisho kwa sababu udongo ule unavilea mpaka dakika ya mwisho. Lilikuwa la Gregorio. Fortunata anaona lilipaswa kurudi kwao. Mbegu ya mwaka ujao iko humo yote, viazi vya kukausha kwa baridi ya Juni vimo humo, na mzigo wa lori umo humo. Likipotea shamba lile, lori linauzwa. Sisemi hivyo kwa woga, ndivyo hesabu inavyosema.

Wenzangu huvuniana kwa ayni: leo unanichimbia, kesho nakuchimbia, siku kwa siku, hata ikipita miaka miwili. Mimi niliacha. Gregorio alipofariki nilibaki na mikono yangu miwili na mtoto wa shule, na nyumba zenye mikono minane hazikuona faida ya kubadilishana nami. Hakuna aliyesema hapana. Walisema tutaona. Nikaanza kununua viazi vyao wenyewe na kuviuza sokoni El Alto, gunia kwa gunia, mpaka nikanunua lori. Tangu hapo naajiri watu, nalipa jioni ile ile, simdai mtu na mtu hanidai. Fortunata aliwaambia watu kwamba nanunua binadamu. Nanunua siku zao; binadamu wanarudi kwao.

Na mwaka huu nimepanga vizuri kuliko miaka yote. Jumapili ya kura magari yamekatazwa, pombe imekatazwa, mpira umekatazwa, sherehe imekatazwa. Watu wote watakuwa wamekaa tu. Nimepatana na wachimbaji kumi na wawili wa Tiquirani waje Jumamosi, walale kwangu, wachimbe na Jumapili. Mimi nikitoka mezani jioni, kura zimehesabiwa na viazi viko ndani.

Jumapili, 22 Machi

Mvua tangu Ijumaa. Mto umefika kwenye jiwe wanaloanikia sufu. Kwa kawaida mto uko mbali na jiwe hilo, unausikia tu.

Jumatano, 25 Machi

Msimamizi wa wachimbaji amepiga simu.

"Mama, hatuji."

"Tulipatana."

"Tulipatana, ndiyo. Lakini na kura je?"

"Nyinyi hamkatazwi kuchimba siku ya kura."

"Hatukatazwi kuchimba, tunalazimishwa kupiga. Majina yetu yako Tiquirani. Usiku wa Jumamosi magari yanasimama. Kutoka kwako mpaka kwetu kwa miguu ni siku nzima na mto katikati."

"Njooni hata leo, basi. Au kesho."

"Leo na kesho tuko kwenye viazi vyetu, Mama. Nani anaiamini mvua hii?" Kisha akaongeza: "Wewe si ndiye mwenyekiti wa meza huko? Niliambiwa ni wewe."

Hakusema kwa ubaya, na hilo liliuma zaidi. Nilihesabu mikono yao, nikasahau vidole vyao vya kura.

Jioni Nemesio alipita.

"Waombe watu wa hapa."

"Nimewatangazia malipo mara moja na nusu. Kila mtu ana lake."

"Kwa malipo wana lao. Kwa ayni wangefikiria."

"Ayni nitairudisha lini? Mimi niko barabarani na lori."

"Kwa hiyo hujaomba," akasema, akaenda zake.

Ijumaa, 27 Machi

Nimechimba peke yangu tangu asubuhi. Mistari mitatu. Eufrasia wa dukani amezigeuza chupa zake zitazame ukuta kwa sababu pombe imefungwa tangu jana, na wanaume wanapita kuzisalimia visogo.

Jumamosi, 28 Machi

Rufino amefika na basi la mwisho, giza likiingia, basi limekwama kwenye matope mara tatu. Ameshuka na viatu vya mjini vya kuchongoka. Ana tumbo. Alikunywa supu bakuli mbili na kula viazi bila kumenya, kama zamani.

"Umemaliza mavuno?" aliuliza.

"Karibu."

"La chini pia?"

"Kula, supu inapoa."

Hakuuliza tena. Nimemtandikia kitanda chake. Mvua imekatika, lakini hilo halinidanganyi: maji ya milimani hufika kesho yake.

Jumatatu, 30 Machi

Jana sikuandika neno. Leo naandika yote.

Nilifika shuleni kabla ya jua. Shule iko juu, na dirisha moja la darasa letu linatazama bondeni. Tuliunganisha sanduku la kura la karatasi ngumu, tukaonyesha watu kwamba ni tupu, tukalifunga. Tulisaini kura zote kwa nyuma. Mto ulikuwa umepanuka usiku. Rangi ya kahawa, na ukingo wake uko hatua chache kutoka mistari yangu ya mwisho.

"Mto umepanda," Fortunata akasema, anachonga penseli.

"Nina macho."

"Rufino anajua?"

"Rufino amekuja kupiga kura."

Akaweka penseli chini, akanitazama kwa mara ya kwanza tangu matanga, nadhani. "Na wajumbe wa akiba? Mmoja akae badala yako."

"Mmoja amejifungua Alhamisi, mwingine yuko Iquique, ng'ambo ya mpaka. Na mwenyekiti haachi meza. Umesoma kijitabu au umeangalia picha?"

"Nimesoma," akasema. "Nilikuwa nauliza kama unajua kuomba."

Saa mbili kamili tukafungua. Wa kwanza alikuwa Tata Casimiro, amevaa kofia ya harusi yake. Alikaa kwenye chumba cha kura mpaka nikadhani amelala. Kisha akaja mke wa Nemesio, kisha Nemesio mwenyewe, kisha Rufino.

"Kitambulisho."

Akatabasamu. "Mama, unanijua."

"Meza haimjui mtu. Kitambulisho."

Akatoa. Nikasoma kwa sauti, kama inavyotakiwa, jina nililompa mwenyewe. Fortunata akalitafuta kwa rula, akalipata. Alisaini, akaingia, akatoka, akatumbukiza kura, akachovya kidole kwenye wino. Nilimpa karatasi yake ya uthibitisho na kwa muda tukawa tumeishika wote wawili, yeye upande ule, mimi upande huu. Alitazama dirishani nyuma yangu.

"Mama. Lile la chini halijachimbwa."

"Anayefuata," nikasema.

Hapo Fortunata akasimama. "Mwenyekiti, naomba ruhusa nikajisaidie." Katibu hakatazwi kujisaidia. Akatoka nyuma ya Rufino, na hakurudi upesi. Ilibidi niandike mwenyewe, niite mwenyewe, nipake wino mwenyewe. Aliporudi anahema, nilimuuliza kama alikwenda kujisaidia El Alto.

"Tumbo," akasema, akachukua penseli.

Kisha uwanja ukawa mtupu. Siku ya kura Kalauta watu hawaondoki. Wanakaa kwenye ukuta wenye jua, wanatandaza vitambaa, wanakula viazi na jibini na maharagwe, wanasemana, maana hakuna gari, hakuna pombe, hakuna pa kwenda. Jana kwa muda mrefu ulikuwepo ukuta tu. Nikaanza kupiga hesabu: wote wakija saa kumi kasoro, hata mpango wangu wa foleni hautoshi.

"Nenda kawaite," nikamwambia mjumbe mmoja.

"Watakuja, Mama. Si ni lazima?" Na akainama, nikaona anazuia kicheko.

Wakaja sita kwa pamoja, haraka haraka, kama watu walioacha chungu jikoni. Eufrasia wa dukani alikuwa mbele. Alipiga kura, akachovya kidole, wino haukushika. Nikamvuta mkono nione. Matope mpaka kwenye kiwiko.

"Kanawe."

Wa pili, matope. Wa tatu, matope, na kwenye orodha ya majina, pale penye dole gumba, ameacha alama nyeusi kama muhuri wa mkuu wa mkoa.

Nyeusi. Mashamba yote ya juu hapa Kalauta ni udongo mwekundu. Ukichimba huko unarudi na mikono ya mfyatua matofali. Udongo mweusi uko kando ya mto tu, na kando ya mto kila mtu ameshavuna isipokuwa mmoja.

Nilimtazama Fortunata. Alikuwa anatafuta jina kwenye orodha kwa uangalifu mkubwa sana, na mwenye jina hilo alikuwa ameshasaini.

Niliagiza beseni la maji na kitambaa viwekwe mlangoni. Wale sita wakaondoka mbio, wakaja wengine sita. Wakaondoka, wakaja wengine. Mimi na hesabu zangu za dakika nilikuwa napanga foleni. Wao walikuwa wamepanga zamu, na zamu yao ilikuwa nzuri kuliko foleni yangu. Hakuna aliyesubiri mlangoni hata mara moja. Adhuhuri Nemesio alirudi, si kupiga kura bali kubadilisha maji ya beseni, na suruali yake ilikuwa imelowa mpaka mapajani.

"Umetoka wapi hivyo?" nikamuuliza.

"Mwenyekiti anaruhusiwa kuuliza?"

"Nauliza kwa ajili ya wino."

"Basi andika: maji yalichafuka, yakabadilishwa."

Kutoka kwenye kiti changu, nikijivuta kidogo, niliona kona ya shamba. Migongo iliyoinama, mstari mmoja na mwingine nyuma yake, na maji yanang'aa pembeni. Sikuweza kuona zaidi. Kila nilipojivuta alikuja mtu mwingine, nikasema kitambulisho, na kila nikisema sauti ilitoka mbaya zaidi, mpaka Fortunata akanisogezea kikombe chake cha uji wa mahindi ya zambarau.

"Kunywa. Unaita watu kama mbuzi."

Nikanywa.

Saa kumi tulifunga. Kura zinahesabiwa mbele ya watu, na watu walijaa darasani, wamekaa juu ya madawati ya watoto, wananuka mto. Mimi nasoma, Fortunata anachora vijiti ubaoni. Ikatoka kura moja yenye dole gumba jeusi katikati ya karatasi. Wakala wa chama kimoja akasema imeharibika, ina alama ya kumtambulisha mwenyewe.

"Itamtambulishaje?" nikauliza. "Hebu onyesheni mikono."

Wakainua. Wakala naye aliinua kabla hajafikiri, na yake ilikuwa myeusi kama ya wengine. Darasa likaangua kicheko.

"Matope si alama," Fortunata akasema. "Matope ni kazi. Iandikwe kura halali." Wajumbe wote wakakubali.

Kati ya watu mia moja arobaini na watatu walipiga mia moja thelathini na tisa, na kura zilizotoka sandukuni zilikuwa mia moja thelathini na tisa. Hesabu ilikubali mara ya kwanza. Nani alishinda sina haja ya kuandika, redio inasema tangu asubuhi.

Nyumbani magunia yalikuwa yamepangwa chini ya upenu mpaka dirishani. Mto ulichukua robo ya shamba upande wa chini. Robo tatu nimezishika kwa mikono yangu, gunia kwa gunia. Rufino alikuwa amelala juu ya magunia, mdomo wazi. Viatu vyake vya kuchongoka havina tena cha kuchongoka.

Nilimwamsha.

"Nani walikuwepo?"

"Watu."

"Wangapi?"

"Mama, nimechoka."

"Rufino. Nitawarudishiaje nisipojua ni nani?"

"Wamesema kura ni siri." Akacheka, akageukia ukuta, kisha akageuka tena. "Shangazi alinishika mlangoni mwa shule. Alisema, mama yako hataomba hata maji yakimfika shingoni, na haruhusiwi kuinuka. Lakini wewe jina lako liko kwenye orodha ya Kalauta, wewe ni mtu wa hapa, unaweza kuomba ayni kwa jina lako. Akanisimamisha katikati ya uwanja. Nikaomba."

"Ulisema nini?"

"Nilisema shamba ni la baba yangu na mimi nina siku moja tu."

Jumanne, 31 Machi

Rufino ameondoka na basi la asubuhi. Karatasi ya uthibitisho iko kwenye mfuko wa shati, ameufunga kwa kifungo. Amevaa buti za baba yake. "Siku zangu za ayni utanilipia wewe?" aliuliza akiwa mlangoni mwa basi. Nilimwambia ndiyo. Akaniuliza kama nimehesabu ni ngapi, na basi zima likageuka kututazama tunavyocheka.

Alhamisi, 2 Aprili

Nimekwenda kwa Eufrasia na jembe langu. Hakushangaa wala hakushukuru, alinionyesha mstari. Lori limelala. Jua.

Jumapili, 5 Aprili

Pasaka. Nimekula sana.

Alhamisi, 9 Aprili

Nimejaribu kupata idadi. Nimewauliza mmoja mmoja, kwa hila na bila hila, na kila mmoja ananijibu kwamba kura ni siri, Mama Mwenyekiti. Hata watoto wameshalishika. Mtu nisiyejua kama nina deni naye, lazima nimhesabu kwamba ninalo. Kwa hiyo nakwenda kwa wote. Jumatatu kwa Nemesio, jana kwa mkwe wake, leo kwa Tata Casimiro.

"Mimi sikuchimba," alisema. "Nina miaka themanini na moja."

"Najua, Tata."

"Basi umekuja kufanya nini?"

"Nipe gunia."

Mchana tulijenga tanuri la mabonge ya udongo, tukaliwasha mpaka likawa jekundu, tukalibomolea juu ya viazi. Nilikuwa nimesahau ladha yake. Wanaokulipa mshahara hawakupikii tanuri la mabonge. Ni haki yao. Siku nimeinunua mimi.

Jumanne, 14 Aprili

Kwa Fortunata. Nilimwacha mwisho, naye alijua namwacha mwisho, maana nilipofika alikuwa amesaza mistari minane na ameiketia pembeni anatafuna majani ya koka.

"Mimi sikuchimba lako," akasema. "Nilikaa nawe siku nzima. Usije kwangu na shukrani."

"Sina shukrani. Nina jembe."

Tukachimba. Yeye anachimba kama anavyoandika, polepole na bila kosa. Hakati kiazi hata kimoja. Mimi nachimba haraka, nakata. Kwenye mstari wa tatu nikamuuliza kwa nini.

"Viazi vya kaka yangu havikunikosea kitu," akasema. Akang'oa shina jingine, akaongeza, "Na wewe ulipofiwa, mimi nilikuwa miongoni mwa waliosema tutaona."

Nilimpokea gunia lake, nikalishika mdomo wazi ili amwage.

Karani wa viatu vyeupe alitukuta hapo hapo. Aliacha pikipiki barabarani akaja akirukaruka matuta. Hakuna aliyefikisha kiwango cha kushinda ugavana wa mkoa wetu. Marudio ni tarehe tatu Mei. Meza ile ile, wajumbe wale wale, na kupiga kura ni lazima vile vile. Alisema haraka, akijiandaa kutukanwa.

"Saa ngapi tufike?" Fortunata akamuuliza.

Nikampigia Rufino simu nikiwa nimekaa kwenye tuta. Alikuwa ameshasikia.

"Nauli tena, Mama. Na karakana nimeifungua juzi tu. Na karatasi ile ya kwanza haitoshi, wanataka na ya pili."

"Sheria ni sheria, mwanangu."

"Unafurahi."

"Mwenyekiti wa meza hana upande."

Kulikuwa na kelele za nyundo upande wake, na upande wangu Fortunata akinitazama, mkono umejaa udongo, anasubiri nitasema nini.

"Usije Jumamosi," nikamwambia. "Njoo Ijumaa. Nakuomba."

Nyundo upande wake zikakoma. Halafu akasema ataangalia basi la Alhamisi usiku, na akauliza kama Yenny akija naye, maana kwao gavana amepatikana mara ya kwanza, atalala wapi.